SOMO LETU: KARATASI HAISAFISHI MAJI
(Juu ya sheria za ruhusa na za uchafu kwa wenye kazi ndogo ndogo)



Katika kurasa hizi tumezoea kuandika juu ya masomo ya darasani. Leo tunaandika juu ya neno lililotoka nje, lakini liliingia darasani kwa nguvu hata likatugawanya. Ni neno la sheria zinazowahusu wenye garaji, wenye kutengeneza betri, wenye kuosha motokari na pikipiki, wenye mashini ya kusaga, wenye kuchoma matofali, wenye kuuza maji katika vifuko. Wengi kati yetu tunakula na tunalipiwa feza ya masomo kwa kazi kama hizo. Kwa hiyo tusilisome somo hili kama watu wanaosimama mbali.

1. NAMNA NENO LILIVYOANZA

Nyuma ya shule yetu kunapita kijito. Wakati wa mvua kinajaa, wakati wa kiangazi kinabaki chembamba, lakini hakikauki. Wamama wa kartiye wanafua pale, wengine wanateka maji ya kuosha vyombo, na siku bomba zinapokosa maji, wanateka hata ya kupikia.

Mwaka jana, mwanzo wa kiangazi, tulishuka pale na mwalimu wetu wa bioloji kutafuta wadudu wadogo wanaoishi majini. Karibu na daraja la miti tuliwapata wengi, chini ya kila jiwe. Tulipofuata maji hatua mia moja tu, mpaka chini ya garaji, hatukupata hata mmoja. Juu ya maji kulikuwa rangi nyingi kama upinde wa mvua. Mama mmoja aliyekuwa anafua alituambia: "Hii mafuta iko tangu zamani. Nguo zinatoka na harufu. Tutafanya nini? Tulishazoea."

Kesho yake mwalimu aliuliza: "Ni nani anayepaswa kusimamisha jambo hili?" Pale ugomvi ulianza. Wengine walisema: "Ile garaji ifungwe leo leo." Mwenzetu mmoja alinyamaza kwanza, kisha akasimama, akasema: "Ile garaji ni ya papa. Mukiifunga, mimi nami natoka kwa masomo. Na papa analipa kila kitu. Mumuulize yeye mwenyewe."

Basi tulienda kumuuliza, sisi watatu pamoja na mwalimu. Papa alitupokea vizuri, akampa mwalimu kiti, na sisi tukaketi juu ya tairi. Alipofahamu sababu ya safari yetu hakukasirika. Aliingia ndani, akaleta sanduku la bati, akapanga makaratasi yake juu ya meza, moja moja. Yalikuwa saba, na yote yalikuwa na muhuri. Akasema: "Batoto yangu, mutu wa kwanza anakuya na karatasi yake, wa pili anakuya na karatasi yake. Nalipa. Hata mumoja hajashuka kule chini kuona ile mayi. Banaangalia mufuko yangu tu. Sasa munasema mimi sina sheria? Sheria njo hizi hapa!"

Tulirudi na haya kidogo, kwa sababu alisema kweli. Alikuwa na makaratasi yote, na maji yalikuwa machafu. Mambo haya mawili yalikuwa kweli kwa wakati mmoja. Somo la leo ni kufasiria namna gani hii inawezekana, na nini kinachofaa kufanywa.

2. TUSICHANGANYE KARATASI MBILI

Kosa la kwanza ambalo watu wengi wanafanya, na sisi tulilifanya, ni kufikiri kwamba kila karatasi yenye muhuri ni ruhusa ya kufanya kila kitu. Sivyo. Tuangalie mbili.

Karatasi ya kwanza ni PATENTI. Katika nchi yetu inajulikana kwa sheria ya tarehe 2 Agosti 1979 juu ya biashara ndogo, iliyogeuzwa tarehe 8 Agosti 1990. Patenti inauliza: Wewe ni nani? Unafanya kazi gani? Wapi? Umelipa? Ukijibu vizuri unaipata, na unakuwa mtu anayejulikana kwa Leta. Ni neno zuri. Lakini patenti haiulizi hata kidogo: Mafuta yako ya zamani unayamwanga wapi?

Karatasi ya pili ni RUHUSA inayohusu hatari na uchafu. Hii inauliza maulizo mengine: Kazi yako inatoa nini? Moshi, mafuta, asidi, makelele, vumbi? Inakwenda wapi? Nani anaishi karibu? Maji yako mbali gani? Utafanya nini kusudi jirani asiumie?

Mnaona tofauti. Ya kwanza inaangalia mtu na mfuko wake. Ya pili inaangalia pahali na watu wanaozunguka pale. Mtu akiwa na ya kwanza tu, hajapata bado ya pili. Na mtumishi wa Leta akikusanya feza ya patenti tu, hajafanya bado kazi ya kulinda maji.

Katika makaratasi saba ya papa, sita yalikuwa ya malipo. Ya saba ilikuwa na neno "mazingira" juu yake, lakini tulipoisoma tuliona hesabu ya franka tu na tarehe. Hakukuwa hata sharti moja lililoandikwa. Papa mwenyewe hakujua kama sharti lilipaswa kuwapo.

3. SHERIA HII INATOKA WAPI?

Wengine wanasema kwamba sheria za uchafu ni mambo mapya yaliyoletwa na watu wa miradi. Hapana. Ni sheria yenye umri mkubwa.

Tarehe 15 Oktoba 1810 Kaisari Napoleoni alitoa amri juu ya viwanda na kazi za mikono zinazotoa harufu mbaya au hatari. Amri ile iligawanya kazi katika makundi matatu. Kundi la kwanza: zile zinazopaswa kukaa mbali na nyumba za watu. La pili: zile zinazoweza kukaa karibu, lakini kwa masharti. La tatu: zile zinazoweza kukaa kati ya nyumba, lakini zikiangaliwa na polisi. Wakati ule Ubelgiji ilikuwa chini ya Ufaransa, kwa hiyo amri ilitumika kule pia. Nyuma ya pale Wabelgiji walikuja kututawala, na tarehe 12 Februari 1953 waliandika kwa Kongo sheria juu ya kazi "dangereux, insalubres ou incommodes", maana yake kazi zenye hatari, zenye kuleta ugonjwa au zenye kusumbua majirani.

Maneno hayo matatu ya Kifaransa yanafaa kukaa katika kaye zetu. "Dangereux" ni kile kinachoweza kuwaka, kupasuka au kuua. "Insalubre" ni kile kinachoharibu afya pole pole. "Incommode" ni kile kisichoua wala kugonjesha upesi, lakini kinamnyima jirani raha: makelele ya usiku, harufu, vumbi juu ya nguo. Sheria ilijali hata kile cha tatu.

Tena kulikuwa desturi moja nzuri inayoitwa "enquête de commodo et incommodo". Mbele ya kutoa ruhusa kwa kazi yenye hatari, wakubwa walipaswa kutangaza na kuwauliza majirani: Mnaona faida gani, mnaona taabu gani? Jirani aliweza kusema neno lake mbele ya kazi kuanza, si kungoja mpaka mtoto amegonjwa.

Nyuma ya uhuru sheria zingine zilifuata. Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, katika kifungu cha 53, inasema kwamba kila mtu ana haki ya kuishi katika mazingira yenye afya, na kwamba yeye mwenyewe ana kazi ya kuyatetea. Sheria ya tarehe 9 Julai 2011 iliweka misingi ya kulinda mazingira. Ndani yake tunakuta neno hili: anayechafua ndiye anayelipa. Amri ya tarehe 29 Mei 2013 ilipanga upya habari ya kazi zenye hatari. Mwisho, sheria ya tarehe 31 Desemba 2015 inahusu maji.

Basi tusiseme kwamba sheria hakuna. Sheria ziko. Kinachokosa ni mtu wa kushuka mpaka kwenye maji akiwa na sheria ile mkononi.

4. LAKINI KWA NINI TUMSUMBUE MTU MDOGO?

Ulizo hili liliulizwa darasani, na ni ulizo la haki. Sisi ni watu wa Haut-Katanga. Tunaona moshi na maji ya viwanda vikubwa. Mwaka 2009 wataalamu wa Lubumbashi pamoja na wa Ubelgiji walitangaza kwamba watu wanaoishi karibu na migodi na viwanda vya madini katika Katanga walikuwa na kobalti nyingi sana katika mikojo yao. Mekanisiani mmoja mwenye funguo na jeki ni nani mbele ya mambo kama hayo?

Tunajibu kwanza: wakubwa wafuate sheria mbele ya wote. Sheria inayokamata panya na kuogopa tembo si sheria, ni zarau. Lakini kosa la mkubwa haliondoi mafuta ya mdogo katika kijito chetu. Na kuna sababu mbili za kumwangalia mdogo.

Ya kwanza ni hesabu. Motokari moja ikibadilishiwa mafuta ya motere inatoa karibu litre 4 au 5. Tuseme garaji inapokea motokari 10 kwa juma, na kila moja inatoa litre 4. Ni litre 40 kwa juma. Mwaka una majuma 52: ni litre 2.080. Na katika kartiye garaji haiko moja. Tena mafuta hayazami, yanajitandika. Mwaka 1774 Benjamin Franklin, mtaalamu wa Marekani, alieleza namna alivyomwanga kijiko kidogo cha mafuta juu ya ziwa dogo karibu na London: yalijitandaza mpaka yakafunika karibu nusu eka, ni kusema kama metre kareye 2.000. Kijiko kimoja tu! Sisi wenyewe tulijaribu katika beseni kwa tone moja la mafuta ya motere, na rangi za upinde zilifika pembeni mbele hatujamaliza kuhesabu mpaka tano. Pale mafuta yanapofunika maji, hewa haiingii vizuri, na mdudu na samaki wanakosa pumzi. Mafuta yaliyotumika yanachukua pia vipande vidogo sana vya chuma na madini mengine kutoka ndani ya motere.

Ya pili ni ukaribu. Kiwanda kikubwa mara nyingi kina ukuta na mlinzi. Kazi ndogo inafanyika katika parsele, kati ya sufuria na watoto. Mfano mbaya kupita yote tuliousoma unatoka Senegal, katika Thiaroye-sur-Mer, pembeni ya mji wa Dakar. Watu wa pale walikuwa wakivunja betri za zamani kusudi wapate risasi, ile madini nzito iliyo ndani, na kuiuza. Hata udongo uliochanganyika na risasi waliuchimba na kuuchekecha kwa mikono, na vumbi likaingia nyumbani. Kati ya Novemba 2007 na Machi 2008 watoto 18 walikufa. Wazazi hawakutaka kuua watoto wao. Walitafuta mkate. Hakukuwa mtu aliyekuja mapema kuwaambia: kazi hii hapana kufanyia hapa, na hapana kuifanya kwa namna hii.

Mnaona sasa kwamba kumwangalia mdogo si kumchukia. Wa kwanza anayeumizwa na kazi mbaya ni mwenye kazi na nyumba yake.

5. KUSIMAMIA SHERIA NI KUFANYA NINI?

Mwalimu wa elimu ya uraia alitusaidia kupanga hatua. Tunaziandika hapa kusudi kila mwanafunzi azijue, kwa sababu kesho mmoja wetu atakuwa mwenye garaji, na mwingine atakuwa mtumishi wa komini.

a) Kujua. Mtumishi anapaswa kujua kazi ngapi ziko katika kartiye, ziko wapi na zinatoa nini. Mtu hawezi kulinda kile asichokijua.

b) Kuweka masharti yanayoeleweka. "Usichafue mazingira" si sharti, ni mahubiri. Sharti ni hivi: "Mafuta yote yawekwe katika pipa lenye kifuniko. Pipa likae juu ya simenti. Betri zisifunguliwe katika parsele wanamoishi watoto." Mtu akisoma anajua afanye nini asubuhi.

c) Kushuka na kuona. Mtumishi aangalie udongo, mtaro, maji. Asikae katika kiti na kuomba makaratasi tu.

d) Kuonya na kutoa muda. Kosa likionekana, aliandike, amwonyeshe mwenye kazi, amwambie: "Nakupa siku kadiri hii. Nitarudi." Na arudi kweli.

e) Kutoa azabu. Kama muda umepita na mtu amezarau, hapo inaandikwa proseverbali, analipishwa faini, na hatari ikiwa kubwa, kazi inafungwa. Feza ya faini ni ya Leta, inalipwa kwa njia ya Leta, na mwenye kulipa anapewa karatasi ya kushuhudia malipo. Feza inayopita mkono kwa mkono nyuma ya motokari si faini.

f) Kutendea wote sawa. Garaji ya ndugu ya mkubwa iangaliwe sawasawa na garaji ya mutu asiye na ndugu.

Katika hatua hizi sita, feza inaonekana katika moja tu. Lakini katika maisha yetu ni hiyo moja inayokuwa mbio kushinda zingine zote. Tena kuna uharibifu uliojificha hapa. Mtumishi akizoea kulipwa kwa sababu ya kosa, mwisho atapenda kosa lidumu. Garaji ikiwa safi, atakuja kuomba nini? Na mwenye garaji akizoea kulipa ili aachwe, anafikiri amenunua haki ya kuchafua. Wote wawili wamekubaliana, na wa tatu, mama anayefua, hayuko katika mapatano yao. Ni yeye analipa.

Tusifikiri kwamba wakubwa wanaozembea hawana kosa mbele ya sheria. Katika Mombasa, nchi ya Kenya, kiwanda cha kuyeyusha betri za zamani kilianza kazi mwaka 2007 karibu kabisa na nyumba za watu, katika mtaa wa Owino Uhuru. Risasi iliingia katika miili ya watoto. Kiwanda kilifungwa mwaka 2014, na watu wa mtaa wakaenda kortini. Mwaka 2020 korti ilisema walipwe shilingi za Kenya bilioni 1,3. Hukumu ile ilipingwa, ikaangushwa, lakini mwezi wa Desemba 2024 korti ya juu kupita zote iliirudisha. Neno la kukumbuka ni hili: korti haikuhukumu kiwanda peke yake. Ilisema kwamba hata ofisi za Leta zilizopaswa kusimamia, zikakosa kusimamia, zina kosa. Kumbe muhuri ni mzigo kwa yule anayeupiga.

Tena tuseme neno juu ya sheria isiyoandaliwa. Tarehe 30 Desemba 2017 amri ilitoka katika nchi yetu kukataza kutengeneza, kuingiza, kuuza na kutumia mifuko na vifuko vya plastiki. Tembeeni sokoni mnunue chumvi au karanga: mtapewa katika nini? Mama muuzaji si mwasi. Anatafuta kitu cha kufungia chumvi, na kitu kingine cha bei ile ile hakuna mkononi mwake. Kukataza bila kuonyesha njia ingine ni kuandaa kosa la kesho. Na pale ambapo watu wote wanakosa, mtumishi anaweza kumkamata yule anayemtaka, siku anayotaka. Hapo sheria imegeuka kuwa mtego.

6. TULIRUDI GARAJINI

Mwalimu alituambia: "Musiandike tu. Murudi." Tulirudi kwa papa, mara hii bila ulizo juu ya makaratasi. Mwenzetu, mtoto wake, ndiye alishika beseni lenye tone la mafuta, akamwonyesha baba yake namna linavyojitandaza. Papa aliangalia sana. Akauliza: "Sasa munataka niweke wapi?" Hilo ndilo ulizo la kweli, na hakuna hata mmoja katika wale wenye makaratasi saba aliyekuwa amelijibu.

Tulienda naye kwa shefu wa kartiye. Shefu aliita mkutano wa wenye garaji wanne wa kando ya kijito na wamama watatu wanaofua pale. Palikuwa maneno makali. Mama mmoja alisema: "Miye nanunua sabuni mara mbili juu ya mafuta yenu." Mekanisiani mmoja akajibu: "Na miye nikifunga, bwana yako atatengeneza pikipiki wapi?" Lakini walimaliza kwa mapatano ya namna hii: kila garaji inaweka pipa lenye kifuniko, pale mafuta yanapomwangika yanafunikwa na unga wa mbao, kisha yanakusanywa, hakuna kuosha motere ndani ya maji, na shefu anapita kila mwisho wa mwezi, bila kuomba hata franka moja. Waliandika, wakatia sahihi. Garaji moja ilikataa mpaka leo.

Hatutaki kuwadanganya kwamba mambo yamekwisha. Mapipa mawili ya papa yamejaa. Watu wengine wanakuja kununua yale mafuta kupaka miti kusudi mchwa wasiile, wengine wanataka kuchomea matofali. Mwalimu wa kemia alitufasiria kwamba ukiyachoma hovyo, madini yanapanda na moshi na kuingia katika vifua vya watu, na ukiyapaka karibu na kisima, mvua inayarudisha katika maji. Kwa hiyo tumeandika barua kwa burgumestre kuomba pahali pamoja pa kukusanyia mafuta ya garaji zote za komini, kusudi yaweze kuchukuliwa na mwenye kujua kuyatengeneza. Tunangoja jibu. Sheria inamwomba papa asimwange mafuta, na papa amekubali. Sasa ni zamu ya komini kufanya sehemu yake. Patenti ya papa, inayolipwa kila mwaka, haiwezi kurudi hata kidogo kama pipa kubwa na simenti?

Kiangazi hiki tulishuka tena kwenye kijito kutafuta wadudu. Chini ya garaji, pale ambapo mwaka jana hatukukuta kitu, tuliinua mawe ishirini. Tulipata wadudu wanne. Ni wachache. Tuliwahesabu mara mbili kusudi tusikose, kisha tukarudisha mawe pahali pake.

7. MAULIZO YA KUJIBU NYUMBANI

1. Fasiria kwa maneno yako tofauti kati ya patenti na ruhusa inayohusu uchafu.

2. Toa mfano mmoja wa kazi "dangereux", mmoja "insalubre" na mmoja "incommode" katika kartiye yako. Usitaje jina la mtu.

3. Garaji tatu zinatoa kila moja litre 25 za mafuta kwa juma. Ni litre ngapi kwa mwaka mzima? Pipa la litre 200 litajaa mara ngapi?

4. Andika masharti matatu yanayoeleweka kwa mwenye mashini ya kusaga aliye karibu na shule. Usiandike "asisumbue watu". Andika kile anachopaswa kufanya.

5. Muulize mzazi wako au jirani mwenye kazi ndogo: Katika wote waliokuja kuomba feza mwaka huu, ni wangapi waliangalia kazi yenyewe? Leta jibu darasani.

6. Ulizo la kujadiliana: Garaji ile moja iliyokataa, shefu aifanyie nini? Hatua gani inafuata, na hatua gani haifai kurukwa?

Majibu mazuri ya ulizo la 6 tutayapiga katika gazeti letu linalofuata, kama karatasi za stensili zitatosha.

Wanafunzi wa darasa la tatu la Humanités